Hoteli Iliyoipa Barabara Mgongo

Nikinusa dizeli ikichanganyika na maharagwe yanayotokota, mara moja huwa nimerudi Kambu, miaka ya themanini, kwa hoteli ya Mama. Ilikuwa kando ya barabara kuu ya kwenda Mombasa. Hoteli zingine zote zilifungua mlango upande wa lami, zikichekea mabasi. Yetu iliipa lami mgongo. Mlango ulitazama mashambani.

Niliona haya, jamani! Mimi nilikuwa msichana wa kuota Mombasa mchana kweupe. Nilipungia mkono kila basi, na hakuna aliyenipungia. Mama alikuwa akisema, "Anayepita mbio hakuulizi umelalaje."

Siku moja, saa sita hivi, basi likaharibika papo hapo nyuma yetu. Abiria wakazunguka hadi mlangoni, wananuka marashi na jasho.

"Mama, hii hoteli imekasirikia nani?" dereva akauliza. Wakaangua kicheko.

Sufuria ilikuwa moja tu, ya muthokoi, mahindi yaliyokobolewa na maharagwe. Ilikuwa ya akina mama wa mwethya, majirani waliokuwa wakituchimbia mitaro shambani tangu asubuhi. Ndiyo desturi yetu: wao wanachimba, wewe unawalisha.

Mwanamke mmoja aliyejipaka poda akachungulia sufuria, akakunja pua. "Si hii ni ya kuku? Haya, pakua yote, tutalipa."

Nikamvuta Mama leso. "Mama, wape! Watatupenda, watakuwa wakisimama hapa!"

"Iko na wenyewe," Mama akawaambia, akafunika. "Chai mtapata."

"Maskini na maringo!" yule mwanamke wa poda akafyonza.

Wakanywa chai, wakatema majani kwa sakafu niliyofagia mimi. Basi lilipopona waliondoka bila kwaheri, maganda ya machungwa yakirushwa madirishani. Na mimi, mjinga, nikawapungia. Akina mama walipofika na vumbi lao, wakala wakicheka, nilinuna kwa kona.

Nilipokuwa mkubwa, nikiishi mbali na nyumbani, nilipanda basi kwenda harusi Mombasa. Tulipokaribia Kambu nilibandika uso kwenye kioo. Ukuta wetu ukapita, vup! kabla sijamaliza kuinua mkono. Jirani yangu wa kiti alikuwa anamenya chungwa, hata hakutazama nje.

Hapo ndipo nilipoelewa. Hata tungeweka milango kumi upande ule, kwa watu wa barabara hatungekuwa zaidi ya kitu kinachopita dirishani. Na nyuma ya ule ukuta, mahali ambapo basi zima halingeweza kuona, Mama alikuwa anampakulia mtu anayemjua jina.