Vipande Viwili vya Blaen-nant

Mererid Prydderch aliletwa kijiji cha Llangedrys akiwa na miaka mitatu, baba yake alipopata kazi ya kugawa barua. Leo ana hamsini na tisa na bado wanamwita mgeni. Hilo kashalizoea. Kinachomchoma ni ramani anayoichora.

Miaka kumi na mmoja amekuwa akikusanya jina la kila kipande cha malisho katika parokia, kutoka mtoni hadi kule juu ukuta wa mawe unakoishia. Mia nne na kumi na mbili anayo. Tisa hana, na yote tisa ni ya shamba la Blaen-nant, kwa mzee Ithel. Hayajaandikwa popote, yamo kichwani mwa Ithel tu, na mwezi ujao anahamia mjini kwa dada yake. Walionunua shamba watapanda misonobari kila mahali. Msituni nani atataja jina la malisho?

Alishamwendea mara sita, na mara zote ni yaleyale.

"Uliandika gazetini kwamba kanisa letu la Soar lilizaliwa kwa ugomvi wa jiko la kuotea moto."

"Ndivyo walivyoandika wazee wa kanisa wenyewe, mzee Ithel. Mwaka 1874."

"Babu yangu alijitenga kwa ajili ya imani."

"Alijitenga kwa sababu jiko lilikuwa mbali na benchi lake."

"Basi kaliulize jiko majina."

Angefuta sentensi ile moja tu ya gazetini, yangekwisha. Hakufuta. Kwa ukaidi, wale wawili ungedhani wamezaliwa tumbo moja.

Siku ya kuteremsha kondoo wa Blaen-nant kutoka kilimani wakanyolewe, majirani wote huenda kusaidia, wawe wanasemezana au wamenuniana. Mererid akavaa viatu vyake vya mpira, akaenda. Alijua siku hiyo Ithel hawezi kumpanga mtu bila kutaja mahali.

"Wewe binti wa posta, kaa lango la Cae'r Odyn."

"Ndilo lipi?"

"Lenye tanuri la chokaa. Macho umeyaacha nyumbani?"

Akaandika kiganjani. Kisha Cae Ffynnon, penye kisima. Kisha Weirglodd Hir, kile kirefu cha majani ya kukausha. Mvua ikaufuta wino, akaandika upya mkononi, ndani ya koti. Yakafika saba.

Kwenye cha nane Ithel alifungua kinywa, akaiona kalamu, akakifunga. Akanyoosha fimbo.

"Pale."

"Pale wapi?"

"Palepale."

"Nikikosea kusimama, kondoo watakupita."

"Na wapite."

Wakapita, themanini wazima, hadi barabarani. Majirani waliwafukuza mpaka saa kumi jioni wakiwatukana wote wawili, na Ithel hakutaja jina la nane wala la tisa.

Ramani sasa imetundikwa ukumbini. Juu kabisa pana vipande viwili vyeupe, na kando yake Mererid kaandika: Ithel wa Blaen-nant aliyajua majina, akakataa kuyataja. Watu wa Soar wamemwandikia barua afute na hilo pia.

Hajafuta.