Mama Alikuwa Akikiitikia Kipaza Sauti

Enzi za Wabelgiji televisheni hatukuwa nayo hapa Kindu. Tulikuwa na kipaza sauti kimoja, kimefungwa juu ya nguzo karibu na soko, na sauti iliyotoka mule ilikuwa yangu. Asubuhi nilikaa tribinali kusikiliza kesi, jioni nikazisoma: nani kashtakiwa, zuzi, hakimu wao, kaamua nini. Watu walinisifu. Na mimi nilijisifu, sina haya kusema.

Aliyenipenda kupita wote ni mama. Alifika mapema na mkeka wake, akakaa mbele. Nikisema "Salaam aleikum" kwa watu wote wa mji, yeye anakiitikia kile chuma kwa sauti kamili: "Wa aleikum salaam, mutoto wangu. Umekula?" Wenzake walimcheka. Nilimweleza mara ngapi kwamba kule chumbani ninakosomea sisikii kitu! Alisema anayesalimiwa lazima aitikie, hayo mengine ni mambo ya Wazungu.

Yaya wangu, kaka yetu mkubwa, kifungua mimba wa mama, alikuwa mpakizi wa mizigo stesheni. Siku moja mkubwa wao Mzungu alimchapa fimbo mzee aliyeangusha kasha. Yaya akaikamata ile fimbo, akaivunja. Wakamtia buloko. Mama alifunga, akasali, akaniambia zuzi atamwachilia tu, maana na mimi nilikuwa mule tribinali. Ningefanya nini mimi? Nilikuwa na penseli.

Zuzi akampa miaka mitano, akafungwe mbali, Stanleyville, na apelekwe upesi bila kuonana na mtu. Kwetu habari ya namna hiyo mama hapewi hivi hivi. Mjomba ndiye anayeileta, naye mama ameshaketishwa, wanawake wa ukoo wamemzunguka. Nikamwomba mkubwa wangu wa kazi, Mbelgiji, kesi ile ingoje mpaka kesho. Akasema niisome kama ninavyosoma za wengine. Nikamtuma dada akimbie kwa mjomba, wakamzuie mama nyumbani. Lakini mama alishatoka zamani. Siku ya hukumu alitaka nafasi nzuri.

Nikasalimu. Nikasoma. Jina la yaya nililitaja, na la baba yetu, kama ilivyoandikwa. Sauti haikutetemeka hata kidogo, na mpaka leo naichukia. Yaya alifia kulekule Stanleyville.

Yaliyobaki nilisimuliwa na dada. Alipofika sokoni na mjomba, watu walikuwa wamejitenga kando. Mama alikuwa amesimama chini ya nguzo, ameinua uso.

"Mutoto wangu," aliuliza, "yaya yako ataenda bila mie kumuona?"

Akangoja. Akauliza tena, polepole, kama mtu anayedhani hakusikika vizuri.

Na mimi kule ndani nilikuwa nimeshaanza kutangaza meli ya kesho: inaondoka alfajiri, wenye safari wafike mapema.