Picha Niliyopiga na Mama

Mama alipokuja kutoka kijijini kwetu Kilwa, kando ya ziwa, kunitembelea hapa mtaani Kasungami, tulikaa mbele ya nyumba nikapiga picha yetu sisi wawili kwa telefone. Kwa miaka mingi nilikuwa sipigi picha bila ile programu inayolainisha ngozi, kupunguza pua na kung'arisha rangi. Sikukumbuka hata kuizima.

Nilimpa mama telefone aangalie. Akaweka kidole kwenye uso wake mwenyewe pichani.

"Huyu ni mudogo wangu," akasema. "Umemutoa wapi?"

Mdogo wake wa kike alifariki nikiwa bado mchanga, wala hakuacha picha hata moja.

"Mama, ni wewe. Telefone imetoa makunyanzi tu."

Kama vile hakunisikia. Alisogeza kidole kwenye uso wangu. "Na huyu mwanamuke iko naye, ni nani?"

Nilicheka, nikamwambia ni mimi. Alinitazama, akaitazama picha, akanitazama tena.

"Hapana, mwanangu. Huyu simujui."

Nikazima programu na kupiga nyingine. Alipoiona, uso ukamfunguka. "Voilà. Huyu sasa njo wewe, mwanangu."

Lakini mimi nilishtuka. Aliyekaa karibu na mama alikuwa na pua pana na kovu shavuni, na kwa kitambo kidogo sikumtambua. Nilijipapasa shavu, kovu nikalikuta.

Kabla ya kurudi Kilwa, mama aliniomba nisiifute picha ya kwanza. Sijaifuta, ila siifungui. Kila nikimpigia telefone, huniuliza kama mdogo wake bado yuko na yule mwanamke.