Mtunza Ghala Aliyengoja Kufuatwa

Mume wangu Mutalemwa alikaa barazani kwetu Ijumbi miezi mingi akisikia meli. Ijumbi na ziwa wapi na wapi. Lakini asubuhi, ukungu ukiwa bado umelala kwenye migomba, aliinua kidole na kuniambia, "Theopista, sikiliza, inaingia Kemondo." Mimi nilisikia matone tu yakidondoka kwenye majani. Nikamjibu kwamba kweli imeingia, na imebeba wajinga wawili, mimi na yeye.

Alikuwa mtunza ghala la kahawa bandarini Kemondo, kwenye shirika moja la umma. Magunia yalipopotea walimkamata yeye mwenye funguo. Mahakama ikamtia hatiani, shirika likamfukuza kazi. Alikata rufaa, jaji akasema ushahidi hakuna, hukumu ikafutwa, akatoka gerezani. Nilidhani kesho yake tu angepanda gari kwenda ofisini Bukoba, kudai kazi yake na mishahara yake ya wakati wote ule. Wapi! Alivuta kiti akakaa.

"Walionifukuza wataniita," alisema.

Hapo ndipo ujinga wetu ulipo, nausema wazi. Kwetu mke akifukuzwa hajirudishi mwenyewe. Anakaa kwa baba yake mpaka mume aje na rubisi, pombe yetu ya ndizi, aombe radhi, amchukue. Mimi mwenyewe nilikaa kwa baba msimu mzima wa senene nikimngoja huyuhuyu Mutalemwa, na nilifurahi sana nilipoona buyu la pombe linakuja kwenye kijia. Sasa naye alitaka shirika limfuate hivyohivyo. Mwanzoni nilimcheka, baadaye nikaogopa. Mwaka ulikuwa unaisha, na mwaka uliofuata angefika umri wa kustaafu. Umri huo ungemkuta pale kitini, basi tena, asingeingia ghalani maisha yake yote, na watu wasiosoma hukumu wangemzika kama mwizi wa kahawa.

Mchana usingizi ulimchukua hapohapo, mikono ikisogea polepole mapajani, inapanga magunia. Aliniambia kwamba ndotoni ghala limejaa ukungu na magunia hayana uzito, anayainua kwa kidole, yanapaa mpaka darini, na hakuna hata moja linalopungua. Aliamka akitabasamu. Mimi moyo uliniuma.

Siku moja niliacha kupalilia nikaenda Bukoba bila kumuaga. Afisa utumishi, kijana wa Kashai anayeitwa Burhani, alifungua jalada akakuna kichwa.

"Mama, hukumu ikifutwa, na kule kufukuzwa kunaanguka. Anastahili kurudi, na mishahara yake ya nyuma tumlipe. Ila sisi tulikuwa tunamsubiri yeye aripoti."

"Na yeye anawasubiri nyinyi," nikasema, nikamweleza habari ya mke na rubisi.

Nilitegemea atacheka. Aliuliza tu, "Na sisi tusiotumia pombe, tunabeba nini?"

Wiki iliyofuata alikuja asubuhi, ukungu ukiwa mzito hata gari lake tulilisikia kabla ya kuliona. Mkononi alishika kahawa ya kutafuna, imefungwa kwenye jani la mgomba kama desturi yetu ya heshima inavyotaka. Mutalemwa alisimama.

"Ta Mutalemwa, tulikukosea," Burhani alisema, akimwita "Ta" kwa heshima ya kwetu. "Nimetumwa nije nikuchukue."

Mume wangu alipokea kahawa, akatoa punje chache akampa mgeni, wakatafuna pamoja. Kisha akalia, mtu mzima, mbele ya mgeni. Nami nikalia, kwa furaha na kwa hasira ya miezi yote ile.

Aliingia ndani akatoka amevaa shati la kazi, limekuwa pana mabegani. Burhani alimwambia habari za malipo na makaratasi ya kusaini, yeye akawa anafunga vifungo tu. Aliuliza kitu kimoja.

"Tutaingilia geti la mbele?"

Pale ndipo polisi walipompitisha na pingu, wabeba mizigo wote wakitazama.

"La mbele, mzee."

Gari likaondoka, ukungu ukalifunika kabla halijafika barabarani. Nikakaa kwenye kiti chake, bado kilikuwa na joto. Matone yalidondoka kwenye migomba. Baada ya muda nikasikia honi ya meli, mbali, upande wa Kemondo.