Hitima ya Karanga

Ukitaka kumjua Raudha binti Faraji, usiwaulize wanaume wa Mtoni. Watakuambia ana kiburi, na wengine watakuambia hivyo huku wakijilamba, maana pilau lake wamelila na hawawezi kulisahau. Waulize wanawake ambao shughuli zao amezipikia yeye. Harusi, akika, maulidi, hitima: miaka kumi na minne sasa hakuna sufuria kubwa inayoinjikwa mtaa ule kabla Raudha hajaulizwa. Akisema mchele haufai, mchele unarudi dukani. Akisema kuni mbichi, mwenye shughuli anatafuta nyingine bila kubisha.

Chuo cha upishi hajakanyaga. Pilau alifundishwa na mama yake, Bi Mwanaasha, na mengine aliyapata Msasani, alikofanya kazi miaka minane jikoni kwa Madamu Aminata, mama mmoja wa Kisenegali. Huyo ndiye aliyemwonyesha mchuzi mzito wa karanga wa kwao, unaoliwa na wali mweupe. Huko kwao hutiwa nyama au samaki, lakini Madamu mwenyewe hakuwa mla nyama, kwa hiyo alitia viazi vitamu, bilinganya, karoti, kabichi na bamia, na pilipili mbuzi moja nzima iliyoachwa ielee juu bila kupasuka. Raudha aliuleta mchuzi ule Mtoni, akaupunguzia nyanya ya kopo, akaukamulia ndimu, akaufanya wake.

Bi Mwanaasha alipopooza upande wa kulia, na daktari akamkataza nyama nyekundu, mchuzi huo ndio uliokuwa chakula chake. Miaka mitatu Raudha alimgeuza, alimwogesha, alimlisha kijiko kwa kijiko. Kaka yake Marijani, mwenye duka la vifaa vya ujenzi na nyumba ya ghorofa Mbezi Beach, katika Idd sita alikuja mbili. Majirani nao walikuja mwezi wa kwanza, wakaja mwezi wa pili, halafu wakawa wanauliza hali kwa kupitia dirishani.

Wiki moja kabla hajafariki, mgonjwa alimshika mwanawe kwa ule mkono uliobaki na nguvu. Ulimi ulikuwa mzito, lakini maneno yalitoka.

"Hitima yangu msichinje," alisema. "Walioshindwa kuja kunitazama wasije kufuata harufu ya nyama. Wapikie hiki hiki ninachokula mie. Atakayekila, huyo kaja kwa ajili yangu."

Mwalimu Genoveva, Mhaya wa Bukoba aliyepanga chumba cha uani, alikuwa ameketi palepale na alisikia kila neno. Raudha aliahidi. Aliahidi kwa haraka, kama unavyomwahidi mgonjwa chochote ili alale, na hakujua bado anaahidi nini.

Alijua pale familia ilipokaa kupanga arobaini.

"Hitima bila nyama?" Marijani alisema. "Unataka watu waseme Marijani kashindwa kumchinjia mama yake?"

"Umejisikia unavyosema, kaka? Watasema Marijani. Mama hata hayumo."

"Mkubwa hapa ni nani?"

"Ni wewe, na heshima yako nakupa. Ila sufuria naiinjika mie."

Shangazi yao, Bi Mwajabu, dada wa marehemu baba, alimvuta Raudha pembeni akamweleza kwa upole mambo ambayo Raudha aliyajua. Mpishi wa shughuli akipika karanga, watu watacheka. Karanga ni za kuungia mchicha nyumbani, siku ambayo mambo si mazuri. Kesho nani atampa sufuria tena? Hapo shangazi alikuwa anasema kweli tupu, na Raudha usiku huo hakupata usingizi kwa sababu ya ukweli huo. Upishi ndio kazi yake na ndio jina lake. Lakini mama yake alikuwa amemwachia neno moja tu katika maisha yake yote, na neno lenyewe ndilo hilo.

Siku ilipofika, wanawake walikuja asubuhi na visu vyao, kama ilivyo desturi, kumenya na kukatakata. Walipoona viazi vitamu na kabichi, wakaangaliana. Wachache wakakumbuka ghafla kwamba wameacha watoto peke yao. Saa nne Marijani akaingia na pikapu, nyuma kuna mapaja mawili ya ng'ombe yamefunikwa gunia. Raudha alisimama mlangoni mwa jiko la uani, mikono kiunoni.

"Hiyo haishuki hapa."

Marijani hakubishana. Alizungusha gari, akaishusha nyama kwa jirani wa ukuta wa pili, wakawasha moto wao. Baada ya saa moja, harufu ya supu ilikuwa imeshavuka ukuta na kukaa katikati ya ua kama mgeni asiyealikwa. Raudha aliisikia, akakaza kanga yake, akaendelea na kazi.

Na kazi ilikuwa nyingi. Karanga zilikaangwa kwenye karai, zikafikichwa, zikapepetwa kwenye ungo mpaka maganda yote yakaenda, zikapelekwa mashineni zikarudi zimekuwa uji mzito wenye kung'aa. Vitunguu, tangawizi, thomu na nyanya vilikaangwa mpaka vikakoza rangi. Kisha karanga zikalainishwa kwa maji ya moto, kidogo kidogo, kwa sababu ukizitosa zote kwa pupa zinafanya madonge, na donge la karanga halisameheki. Baada ya hapo ni moto mdogo na subira, mpaka mafuta ya karanga yenyewe yapande juu. Yakipanda, mchuzi umeiva.

Yalipoanza kupanda, Raudha aliingia ndani kuswali adhuhuri. Wanaume walikuwa wamekwisha kaa chini ya maturubai na kisomo kimeanza. Aliporudi, alikuta mafuta juu ya sufuria ni mengi kuliko alivyoyaacha, na hayakuwa na ile rangi ya machungwa aliyoizoea. Hakuonja. Alichota kidogo kwa upawa, akadondosha matone matatu mgongoni mwa sahani ya bati iliyotoka kuoshwa kwa maji baridi, akasubiri. Mafuta ya karanga hayagandi. Haya yaliganda meupe.

"Nani katia mkono humu?"

Visu vilisimama. Kisha Bi Mwajabu, aliyekuwa kwenye kigoda karibu kabisa na moto, akanyanyua uso.

"Mie, mwanangu. Jagi moja tu la supu kutoka kwa kaka yako. Nisingeweza kumwona wifi yangu anasomewa hitima kama mtu asiyekuwa na watu."

Kama angefanya kwa chuki, Raudha angejua la kumwambia. Lakini bibi yule alifanya kwa mapenzi, na hilo ndilo lililomuuma. Alitamani mama yake awe hai dakika tano tu, aje ajisemee mwenyewe.

Marijani alikuwa ameshapewa habari, akaja mbio na kanzu yake nyeupe.

"Basi, limeshaingia. Dua inakaribia kuisha. Pakua watu wale. Nani atajua?"

"Mie nimeshajua."

Akawaita vijana wanne. Sufuria ikatiwa miti, ikabebwa hadi barabara ya Kilwa kwenye maosheo ya magari, kwa amri kwamba waosha magari wale chakula chote, wasiache kitu. Chakula hakikumwagwa, na wala hakikuliwa na mgeni hata mmoja wa Bi Mwanaasha. Shangazi aliinuka, akajifunga kanga yake, akasema hajawahi kudhalilishwa hivyo tangu azaliwe, akaondoka.

Kisha Raudha akafanya jambo ambalo Mtoni linasimuliwa hadi leo. Alitoka vilevile na kanga yake ya moshi, akaenda upande wa wanaume, akasimama mbele ya turubai.

"Asalaam alaykum. Chakula kitachelewa saa moja na nusu. Aliyefuata nyama, ipo ukuta wa pili, kaka yangu anapakua. Aliyekuja kwa ajili ya Mwanaasha, akae."

Watu walitazama chini. Mmoja akainuka, wakafuata kumi, kisha kundi zima la watu wa Mbezi Beach likaondoka na viatu mkononi. Shehe alikohoa, akalitazama lango, akamtazama Raudha, halafu akakunja miguu upya na kuketi vizuri. Waliobaki hawakufika nusu.

Mashine ya kusaga ilikuwa imefungwa, mwenyewe hajarudi tangu swala ya adhuhuri. Genoveva hakungoja kuambiwa. Alitoa kinu chake chumbani.

"Sie kwetu hatungojagi mashine, sista," alisema. "Leta karanga zilizobaki hapa."

Walitwanga kwa zamu, wanawake sita, jasho likiwatiririka mpaka kwenye viwiko. Raudha alikaanga nyanya upya, akakata viazi vilivyobaki, akaukoroga mchuzi wa pili kwa hasira ambayo hakuwa na haja ya kuificha. Mchuzi haukuwa laini kama wa kwanza. Ulikuwa na chembechembe, na ukali wa pilipili ulizidi kidogo, maana moja ilipasuka. Aliupakua hivyohivyo, alasiri, juu ya wali mweupe.

Tusidanganyane, si kila mtu aliufurahia. Wapo waliopekua sinia kwa vidole wakitafuta kilichozama. Lakini wapo waliokula kimya mpaka mwisho, na mzee mmoja, aliyekuwa akiuza kahawa na Bi Mwanaasha wakati wa ujana wao, alikula huku analia waziwazi, wala hakujifuta.

Malipo yake yalikuja upesi. Marijani hakupiga simu. Harusi moja na akika moja, ambazo Raudha alikuwa ameshaahidiwa, zilipewa mpishi wa Temeke Mwisho. Dukani walimwita Mama Karanga, na yeye aliitika kila mara, kwa sauti kubwa, mpaka waliokuwa wanamtania wakachoka.

Mwezi ulipopita, asubuhi moja, alikuwa anachambua mchele mlangoni alipoona kivuli. Alikuwa Bi Mwajabu, na fimbo yake.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba." Bibi alikaa bila kukaribishwa, akahema kwanza. Alitazama huku na huku kuhakikisha hakuna mtu, kisha akapanua kinywa. Nyuma hakukuwa na jino hata moja.

"Mwaka wa pili huu nyama siitafuni," alisema. "Kwenye shughuli naimeza nzimanzima ili watu wasinicheke. Wanangu hawajui. Wakija wananiletea mishikaki."

Raudha aliweka ungo chini.

"Siku yangu ikifika," Bi Mwajabu aliendelea, "wanangu kina Twalib watataka kuchinja ng'ombe, waonekane. Wewe ndiye utakayeshika sufuria. Viazi na karanga, kama alivyokula wifi yangu. Nimeshamwambia shehe, ili wasije kukukana."

"Na mtu akitia jagi la supu, shangazi?"

Macho ya bibi yule yalijaa maji.

"Itoe yote," alisema. "Hata kama wageni wamekaa na njaa mpaka magharibi, mwanangu, itoe yote uanze upya."