Miwani ya Maddi

Kuna watu hapa kijijini wanaosema mimi, Graxi, ndiye niliyemponza Maddi, binti wa kaka yangu. Waseme, mdomo mali yao. Siku ile nilikuwa nje ya kamba, na sheria ya gofu inasema mbeba mfuko wa fimbo, kama mimi, haingii kwenye hema la kutilia sahihi kadi za alama. Walitaka nipae?

Kaka yangu Beñat alikuwa mkata nyasi wa klabu ya gofu iliyo kwenye mwamba juu ya bahari. Sisi Wabaski, watu wa mpakani mwa Hispania, kila kijiji kina ukuta wake wa kuchezea mpira kando ya kanisa, na watoto huupiga kwa kiganja mpaka vidole vinavimba. Maddi aliupiga ukuta huo huo, ila kwa fimbo ya gofu aliyookotewa na baba yake. Siku moja Padri akatoka kanisani mbio, pindo la kanzu mkononi.

"We mtoto! Umekikosa kioo cha dirisha la Bikira kwa rehema ya Mungu tu!"

Maddi ana miaka saba, hapepesi macho. "Sikukilenga, Padri. Ningekilenga kisingepona."

Ndivyo alivyokuwa. Alipotimiza miaka ishirini akaingia gofu ya kulipwa, na akaicheza miaka kumi na tisa bila kushinda hata mara moja. Mara moja tu alikuwa wa pili, huko Hispania, akazidiwa mkwaju mmoja. Usinionee huruma, na yeye usimwonee. Kila mwaka alibaki kwenye orodha ya wanaoruhusiwa kucheza, na kwa binti wa mkata nyasi hilo si dogo. Alizunguka na kigari chake na mabakuli niliyompikia, nyama ya ndama na pilipili ya kwetu, akila kwenye viegesho vya magari huku wenzake wanakula hotelini. Mbeba mfuko wake alipomkimbia, mimi ndiyo kwanza nimestaafu kiwanda cha samaki wa kopo. Nikajitwika mfuko. Wasichana aliocheza nao walicheka, "Shangazi mtu gani ana mabega ya punda!" Nikawajibu punda angalau anajua anakokwenda.

Sasa, macho. Alipofika thelathini na minane, mpira ulio mita mia mbili aliuona vizuri kunishinda mimi, lakini maandishi yaliyo mkononi mwake yakawa ukungu. Nikamnunulia miwani ya kusomea. Akaivaa chumbani, akajitazama kwenye kioo, akaivua.

"Sivai mbele ya watu, Shangazi."

"Kwani miwani ni ukoma?"

"Watoto wale ninaocheza nao tayari wananiita Mama. Leo miwani, kesho wataniletea mkongojo. Niapie hutamwambia mtu. Hata Baba."

Nikaapa. Nilikosea, nakubali.

Basi miwani ikakaa kwenye mfuko wangu wa koti, na tukawa na desturi yetu. Kwenye gofu hujiandikii alama zako mwenyewe. Mwenzako mnayecheza naye ndiye anayekuandikia, mkimaliza unaikagua kadi, unatia sahihi, na ukishatoka hemani haibadiliki tena. Sasa kila tulipomaliza, mimi nilimwendea huyo mwandishi njiani: "Hebu nione, mwanangu, nina kiherehere." Nikasoma kwa sauti, shimo kwa shimo, Maddi akasikia. Wote waliniona mbea. Niliubeba umbea huo mwaka mzima pamoja na mfuko.

Mashindano ya mwisho ya msimu yakaja kwenye klabu yetu wenyewe. Maddi alikuwa ukingoni kabisa mwa orodha. Siku ya mwisho alihitaji mikwaju sabini, isizidi, maana kwenye gofu anayepiga michache ndiye bora. Akipiga sabini, anacheza mwaka ujao. Sabini na mmoja, basi, na ukiwa na miaka thelathini na tisa basi ni basi.

Kijiji kizima kilikuja. Beñat alisukumwa kwenye kiti chake cha magurudumu, kofia yetu nyeusi kichwani. Aliyemwandikia Maddi alikuwa Linnea, msichana wa Uswidi, mpole, na mashabiki wetu wenye makelele walimtisha maskini. Shimo la kumi na sita, mpira wa Maddi ulikuwa mbali mno, hatua kama ishirini. Akausukuma. Ukaenda, ukapinda, ukaingia. Mikwaju minne! Loo, watu wakapiga vile vigelegele vyetu vya mlimani mpaka Linnea akaangusha penseli.

Tulimaliza na sabini. Nilihesabu mimi, akahesabu Padri, wakahesabu hata watoto.

Na hapo ndipo nilipokuwa mjinga. Kwetu furaha bila wimbo haijatimia. Walianza kuimba, wakanikumbatia mmoja baada ya mwingine, nikalia, nikapenga kamasi kwenye skafu ya mke wa muuza mikate. Msimamizi, Bwana Laborde, akaita, "Mabibi, kadi zenu." Nilipogeuka, Maddi na Linnea wameshavuka kamba, wanaingia hemani.

Mkono wangu ukaenda mfukoni. Miwani ile hapo.

"Maddi!" nikaita. "Maddi, njoo kidogo!"

Akanigeukia, uso wote kicheko, akanipungia mkono. "Nakuja, Shangazi! Waambie wasimalize divai!"

Neno lilikuwa limenifika kooni. Miwani. Neno moja tu. Lakini kijiji kizima kilikuwa pale, na wasichana wale, na baba yake, na mimi nimeapa. Nikajiambia, ah, leo tu, kitatokea nini? Nikalimeza.

Alitoka baada ya dakika mbili. Baada ya kumi, ubao ukaandika sabini na moja.

"Wamekosea!" Padri akapiga kelele. "Ala! Mnajua kuhesabu nyie?"

Bwana Laborde akatoka na kadi, uso umemsawijika. Shimo la kumi na sita lilikuwa limeandikwa tano. Linnea akaitazama, akaanza kulia kwa kwikwi. "Ni nne, ilikuwa nne, ni kosa langu, futeni!"

"Nilikuwepo," alisema Laborde. "Niliuona kwa macho yangu mpira ukiingia. Lakini nilimuuliza kama ameridhika, akasema ameridhika, akatia sahihi. Alama iliyozidi ikishatiwa sahihi, inabaki. Sina la kufanya, Madame."

Watu mia tatu waliiona nne, na hakuna hata mmoja aliyeweza kuirudisha. Wengine walimtukana Laborde, wengine Linnea. Beñat aliuliza mara tatu, "Lakini kwa nini hukusoma, mwanangu? Kwa nini hukusoma?" Mimi nilisimama na mkono mfukoni, nimeishika miwani.

Maddi hakupiga kelele. Alimshika Linnea bega, akamwambia nyamaza, hukukusudia. Kisha akaja kwangu, akanyoosha kiganja.

"Nipe, Shangazi."

Nikaitoa. Akaivaa mbele ya wote, mbele ya baba yake na wasichana wale, akaomba kadi, akaisoma polepole kuanzia shimo la kwanza.

"Mtoto huyu ana mwandiko mzuri," aliniambia. "Tano yake haina shaka hata kidogo."