Mjomba Gervas na Ubavu wa Kitanda

Gervas alizaliwa mahali ambapo ardhi imesimama wima kama mwanafunzi aliyeitwa jina. Kule Mgeta mtu halimi chini ya miguu yake, analima mbele ya pua yake. Kuku wa huko huanguliwa na mguu mmoja mfupi ili wasimame vizuri mlimani, na ukimshusha kuku huyo mjini atazunguka mahali pamoja mpaka umwonee huruma umchinje. Siku moja kabichi ilimponyoka Gervas alfajiri akiikata. Ikashuka bondeni, ikaruka mto, ikakata kona zote, na yeye alipofika sokoni Morogoro adhuhuri akaikuta iko kwenye sufuria ya mama ntilie, imeshaungwa, inanukia. Anayebisha akamuulize mama ntilie.

Basi mtu aliyekulia mahali kama hapo huwa na kazi moja tu maishani, nayo ni kuzuia vitu visiporomoke. Gervas alipanga mawe kushikilia udongo, akachomeka miti kushikilia mawe, akafunga kamba kushikilia miti. Alizuia njegere, akazuia vitunguu, akamzuia mbuzi. Mke hakuwa naye. Wapo waliosema alimzuia mno mchumba wake wa kwanza mpaka akakimbilia Dar, lakini hayo ni maneno ya kisimani. Mtoto wa kumzaa pia hakuwa naye. Alikuwa na Felista.

Felista ni binti wa dada yake, Prisca, fundi cherehani wa Kilakala. Na kwa Waluguru kama wao mtoto ni wa ukoo wa mama yake, kwa hiyo mjomba si mtu wa kuletewa soda na kuagwa. Mjomba ana neno. Prisca alipopanda mlimani kujifungulia katika nyumba ya marehemu mama yao, Gervas aliacha shamba, akapasua mbao za mkangazi, akamtengenezea mpwa wake kitanda chenye fito pande zote nne, kirefu kwenda juu, mtoto akilala ndani haonekani mpaka uchungulie. Na kwa kuwa sakafu ya nyumba ile imeinama kama kila kitu kule, akakipa matendegu mawili marefu upande wa bondeni na mawili mafupi upande wa mlimani. Kikakaa sawasawa. Mtoto akalala.

Kiliposhushwa mjini kwenye sakafu ya saruji, ndipo vituko vikaanza. Kitanda kilisimama kama mlevi aliyeegemea ukuta. Oscar, mume wa Prisca, mkata tiketi wa mabasi pale Msamvu na mtu wa maneno mengi, aliweka matofali chini ya miguu mifupi, akakitazama na zile fito zake, akakipa jina la gereza: Kingolwira. "Mfungwa ameamka," alikuwa akisema kila asubuhi. "Mfungwa anadai uji."

Mfungwa akakua. Akatimiza miaka miwili na nusu, akaota miguu mirefu, na siku moja mchana simu ya Gervas ikalia akiwa juu ya lile jiwe ambalo ndilo pekee lenye mtandao.

"Kaka, Felista kavuka."

"Kavuka wapi?"

"Kavuka kitanda. Kapanda fito, kapitisha mguu, kaanguka hadi chini. Mdomo umevimba kama wa bata. Oscar alitaka kuazima msumeno akate upande mmoja nikamwambia asiguse, mwenyewe yupo."

"Asiguse!" alipiga kelele Gervas, na bonde lote likaitikia. "Nakuja."

Akashuka na fuso la kabichi, amekaa juu ya mzigo, msumeno ameufunga kwenye kiroba, kekee ya kutobolea mbao mapajani. Na kando yake alikuwa na mzigo wa fito mpya, ndefu, alizozichonga usiku na mchana bila kula. Njia nzima aliona mdomo wa mtoto. Moyo wake ulikuwa umekunjamana kama jani la tumbaku.

Prisca alipoziona zile fito mlangoni alishika kiuno.

"Shikamoo kaka. Hizo za nini?"

"Marahaba. Za kuongeza. Napandisha kuta mpaka hapa," akaonyesha kifuani, "na juu naweka kifuniko cha bawaba."

Oscar alitoka chumbani akijikausha uso. "Karibu shemeji. Kifuniko? Sasa huyu tunamlea au tunampeleka mnadani?"

"Wewe kaa kimya, bwana tiketi. Mtoto alipokuwa anavuka ulikuwa wapi?"

"Nilikuwa natafuta ugali wa kumlisha hadi akapata nguvu za kuvuka."

"Kaka," alisema Prisca taratibu, "nilikuita utoe, sikukuita uongeze. Mtoto amekua. Nataka kitanda cha kupanda na kushuka mwenyewe."

Gervas akamtazama kama amemwambia abomoe kuta za shamba lake katikati ya masika. Kutoa? Mtoto akilala, akageuka, nani atamshika? Hakusema hivyo. Alisema, "Mbona mna haraka?"

Wakati huo mwenye kitanda akaja mwenyewe, mdomo bado umevimba upande mmoja. "Cha moo njomba," alisema, akamwekea mjomba kiganja cha mkono gotini, kisha akamvuta mpaka chumbani, maana alikuwa na jambo la kuonyesha. Prisca akamtia kitandani. Kabla Gervas hajamaliza kupangusa jasho, Felista alikuwa ameshika fito, ametia dole gumba la mguu pale fito zilipopachikwa, amejivuta, amejilaza juu ya ukingo kama shati lililoanikwa. Gervas alimdaka hewani.

Akamshusha. Akazitazama fito zake mpya, kisha akakitazama kitanda kutoka ukingoni hadi sakafuni. Shambani aliwahi kuona watu wakiongeza ukuta uliokwisha kuchoka, mawe juu ya mawe, na siku uliposhuka ulishuka na nusu ya shamba. Ukiongeza kimo kwa huyu mpandaji, umemwongezea tu umbali wa kuanguka. Hilo alilijua bila kuambiwa na mtu.

"Haya," alisema. "Leteni spana."

Walifanyia kazi uani, kwenye sakafu ya saruji. Kwanza alitoa matofali, akayatupa mbali. Akafungua nati, akashusha chaga za kulalia mpaka tundu za chini kabisa. Halafu akafungua ule ubavu mrefu wa mbele, na papo hapo kitanda kikaanza kutikisika kama jino la mtoto, kwa sababu ubavu ule haukuwa wa kumzuia Felista tu, ndio uliokuwa umezishika kona. Gervas akaguna. Alichukua ubao mpana, akaupachika chini pale mbele uwe mfumbati wa kuunganisha matendegu, akaukaza kwa bolti, akakisukuma kitanda kwa bega kama anagombana nacho. Kikatulia. Upande wa kichwani akarudisha kipande kifupi cha kizuizi, cha kumkinga mtoto usingizini, miguuni akaacha mlango. Akapitisha vidole viwili kati ya godoro na ubao kila upande. Viliingia kwa kubanwa, akaridhika. Kila palipokatwa alipiga msasa, kisha akapasugulia shavu lake mwenyewe, asiamini kidole chenye sugu. Prisca aliyekuwa akimtazama kutoka kwenye cherehani aliacha kushona.

Ikabaki miguu. Gervas akakiinamia kitanda, akafumba jicho moja, akakata matendegu marefu, akasimama mbali kidogo, akatabasamu.

"Sawasawa kabisa. Kama maziwa bakulini."

Prisca akachukua pesheni moja kutoka kwenye mfuko aliokuja nao kaka yake, akaliweka juu ya chaga. Likatulia kidogo, likafikiri, kisha likabingirika kwa adabu hadi kwenye ule mlango, likaanguka puu. Felista akapiga makofi. Akalirudisha mwenyewe. Puu.

"Pesheni hilo lina kasoro," alisema Gervas.

Akakata tena. Akatazama. "Sasa ndiyo." Puu.

Oscar akavuka uzio, akarudi na pima maji ya jirani fundi uashi, akailaza juu ya ubao. Kipovu cha ndani yake kikakimbilia upande mmoja.

"Shemeji, kinainama."

"Chombo chako kimelewa."

"Kiweke basi sakafuni kwenye saruji." Kikawekwa. Kipovu kikasimama katikati kimya. Oscar akauma midomo yote miwili, ikashindikana, akaangua kicheko hadi akakaa chini. "Shemeji, Mungu hakukuumba na macho, alikuumba na mteremko! Umezoea mlima mpaka kitu kilicho sawa kwako kinaporomoka!"

Na ilikuwa kweli. Gervas aliitazama ile sakafu ya saruji, na machoni mwake iliinuka upande mmoja, kama alivyoiona siku zote bila kumwambia mtu. Akakitazama kitanda kilichoinamia mlangoni, akakiona kimetulia. Kicheko hakikumuuma. Kilichomuuma kilikuwa kingine: macho haya ndiyo aliyotaka kumlindia mtoto, na yangemmwaga sakafuni kila akigeuka.

Akaokota msumeno, akamwelekezea Oscar mpini.

"Baba Felista," aliita Gervas. Hakuwahi kumwita hivyo. Miaka yote alikuwa bwana tiketi. "Chora wewe mstari. Kata wewe."

"Mimi? Kitanda cha mjomba?"

"Kitanda cha mtoto wako. Mimi nitakushikia."

Oscar akachora kwa penseli ya cherehani, akapima, akapima tena. Gervas akakumbatia kitanda kwa mikono miwili, akageuza uso pembeni asije akasema kitu, na msumeno ukapita. Pesheni likawekwa. Likakaa. Felista akalipiga kidole, likajongea kidogo, likakaa tena, akakasirika.

Kitanda sasa kilikuwa kifupi, mkono wa mtu aliyelala ungegusa sakafu. Walikiingiza kwenye kona, mbali na dirisha, kikabanwa na ukuta pande mbili hata kalamu isipite katikati. Mbele ya mlango wake Prisca akatandika mkeka juu ya godoro kuukuu. Oscar akafunga kabati kwa skrubu ukutani, maana mfungwa sasa alikuwa huru kutembelea kila droo. Gervas akaipandisha kamba ya chandarua juu kabisa isifikiwe na shingo ya mtu.

Kisha akapiga magoti, akamfundisha Felista kushuka kama watu wanavyoshuka kwenye vijia vya mlimani mvua ikinyesha. "Geuka. Tumbo chini. Kichwa kibaki nyuma, mguu utangulie ukatafute. Umeupata mkeka? Haya, na mwingine." Walishuka pamoja, yeye na mtoto, mtu mzima akinyata kinyumenyume juu ya mkeka, matako juu, Oscar akiwa mlangoni na simu akipiga picha, akikohoa kicheko.

Adhuhuri hiyo Felista akalazwa. Gervas akakaa sakafuni, mkono wake ameulaza pale penye uwazi.

"Kaka, toka."

"Asinzie kwanza."

"Amesinzia. Toa huo mkono."

"Prisca..."

"Kesho fuso linakurudisha. Mkono utauacha?"

Akautoa. Ilikuwa kama kung'oa mti. Wakasimama nyuma ya pazia, dada amemshika kaka shati mgongoni kwa ngumi, naye kaka hapumui. Mtoto akageuka upande wa ukuta. Akageuka upande wa pili, akakigonga kile kizuizi kifupi, akanung'unika, akarudi. Gervas alinyauka na kuchanua, akanyauka na kuchanua.

Mwishowe mtoto akaamka. Akakaa, nywele zimesimama, akautazama ule mlango mpya. Akatambaa hadi ukingoni, kichwa mbele. Gervas akaruka, ngumi ya Prisca ikamrudisha. Mtoto akaangalia chini. Akafikiri. Akageuka pole pole, tumbo chini, mguu mmoja ukaenda kutafuta, ukapapasa hewa, ukakanyaga mkeka. Wa pili ukafuata. Akasimama, akashika makalio yake mwenyewe kwa mikono miwili, akashangaa.

Halafu akapanda tena. Akashuka tena. Akapanda, akashuka, akiongea na miguu yake: "Geuka. Tafuta. Haya."

Gervas alikuwa amekaa kwenye kizingiti, pazia limemfunika kichwa kama kilemba. Mikono aliiweka magotini, akaiondoa, akaikunja, hakujua pa kuiweka. Prisca aliona machozi, akajifanya anatafuta sindano.

Felista alipochoka kupanda na kushuka akamfuata, akamvuta kidole hadi kitandani, akakipigapiga. "Njomba, lala."

"Mjomba ni mkubwa, mama. Atavunja."

"Lala."

Akalala. Akajikunja kama njegere ndani ya ganda, kichwa ukutani, miguu yote imetokea mlangoni hadi kwenye mkeka. Kitanda hakikulia hata kidogo. Mtoto akamfunika magoti kwa kitambaa cha cherehani, akamwambia asiogope. Na Gervas, ambaye maisha yake yote alilala jicho moja wazi akisikiliza mawe, alilala fofofo mchana ule, akalala jioni, akalala usiku, akakoroma hadi bati zikahama misumari. Asubuhi fuso likapiga honi weee, likachoka, likapanda mlima bila yeye.